Usinunue Mhuri: Chanjo, Karatasi na Safari ya Chuo



Ndugu zangu na dada zangu wa Mtito Andei, Kambu, Kibwezi, Makindu na kila mahali ambapo maneno haya yatawafikia. Leo nataka tuzungumze kuhusu ukurasa mmoja tu. Ukurasa huo huwa mwisho kabisa wa barua ya kukuita chuoni, nyuma ya karo, nyuma ya hosteli, nyuma ya orodha ya shuka na ndoo. Ni fomu ya daktari.

Wewe uliyemaliza kidato cha nne, au mdogo wako anayemaliza mwaka huu, siku barua ikiingia kwenye simu macho yatakimbilia pesa. Ni kawaida. Nyumba nzima itaanza hesabu: nani atauza mbuzi, nani ataongea na mjomba Mombasa, harambee itafanywa lini. Ile fomu ya daktari itakumbukwa siku mbili kabla ya kuripoti, na hapo ndipo shida inapoanza. Kwa sababu fomu hiyo inauliza maswali ambayo pesa ya harambee haiwezi kuyajibu: Umechanjwa nini? Lini? Wapi? Na ushahidi uko wapi?

Sasa tuseme ukweli. Huu mji wetu ni mji wa barabara. Uko katikati ya Nairobi na Mombasa, malori yanalala hapa, mabasi yanasimama hapa, treni inapita hapa. Mtoto wa Mtito anakua akijua kwamba kila kitu kina njia ya mkato na kila njia ya mkato ina mtu wake. Kwa hivyo siku mbili kabla ya kuripoti utasikia maneno haya: "Usijisumbue bana, kuna mtu ananijulia mtu. Leta fomu na pesa kidogo, jioni inarudi na mhuri." Hakuna sindano, hakuna foleni, hakuna daktari aliyekuona. Mhuri tu.

Ninachotaka ubebe leo ni hiki: usinunue mhuri. Na si kwa sababu ya dhambi peke yake, ingawa tutafika huko. Usinunue kwa sababu karatasi haizuii ugonjwa, na kwa sababu ile kinga yenyewe ukiitafuta mapema utaipata kwa njia ya halali, karibu na kwenu, bila kumnyenyekea mtu.

Tuanze na kujua unadaiwa nini hasa, maana wengi wetu tunaogopa kitu tusichokijua. Kuna madai ya aina tatu, na kila moja lina njia yake.

Aina ya kwanza ni vyuo vya hapa nyumbani, kozi za kawaida. Umeitwa Kwa Vonza kule Kitui, au Voi, au Kilifi, au Machakos, unaenda kusomea ualimu, biashara, uhandisi. Fomu ya daktari kwa kawaida inataka historia yako ya afya: magonjwa uliyowahi kuugua, dawa unazotumia, mzio, macho, presha, na chanjo ulizopata. Mara nyingi hapa hudaiwi sindano mpya. Unadaiwa kumbukumbu.

Aina ya pili ni kozi za afya: uuguzi, maabara, udaktari, famasia, ziwe za chuo kikuu au za KMTC. Hapa neno kubwa ni homa ya ini aina ya B. Mwanafunzi wa afya atashika damu na sindano zilizotumika. Kirusi cha homa ya ini B si mchezo: kinaweza kukaa nje ya mwili kwa siku 7 au zaidi na bado kikaambukiza. Mtu asiye na kinga akidungwa kwa bahati mbaya na sindano yenye damu ya mgonjwa, uwezekano wa kuambukizwa ni kati ya asilimia 6 na 30, kutegemea hali ya mgonjwa huyo. Ndiyo maana chuo kinakuuliza kabla hujaingia wodini.

Aina ya tatu ni wale wanaotoka nje ya nchi. Na vijana wetu wanatoka: wapo wanaoenda Mbale kwenye chuo chetu cha Kiislamu cha Uganda, wapo wa Madina, wapo wa India, Uturuki, Uingereza, Marekani. Huko kila nchi ina orodha yake, na kila chuo pia kinaweza kuwa na yake. Nitarudi kwao.

Kabla ya sindano yoyote mpya, tafuta kwanza kile kijitabu cha kliniki. Kile mama yako alichokuwa akikibeba mkobani ukiwa mchanga. Unakijua. Huenda kiko chini ya godoro, huenda kiko kwa susu kule kijijini, kimefungwa kwenye mfuko wa nailoni pamoja na cheti cha kuzaliwa. Kitafute, kisome, kipige picha, uitume picha hiyo kwenye barua pepe yako mwenyewe.

Kwa nini kijitabu hiki ni mali? Kwa sababu mwishoni mwa mwaka 2001 Kenya ilianza kuwapa watoto chanjo ya mchanganyiko wa kinga tano, na mojawapo ya hizo tano ni homa ya ini B. Mtoto hudungwa akiwa na wiki 6, wiki 10 na wiki 14. Wengi mnaosoma haya mmezaliwa baada ya 2001. Maana yake ni kwamba kuna uwezekano mkubwa kwamba ile chanjo unayoambiwa ukanunue leo, mama yako alikupeleka ukadungwa mara tatu kabla hujaota jino. Mama alitembea jua kali kwa ajili yako, na ushahidi wa safari zake uko kwenye kijitabu hicho. Sasa wewe unataka kulipia mhuri wa uongo ilhali ukweli uko kwenye sanduku la nyumbani?

Lakini kuwa makini. Kinga ya utotoni hupungua kwenye vipimo kadiri miaka inavyosonga. Kwa hiyo mwanafunzi wa kozi ya afya aende na kijitabu chake kwa daktari aulize: nianze upya, niongezewe dozi moja, au nipimwe damu kwanza? Kuna kipimo kinachoonyesha kiasi cha kingamwili ulichonacho, na kiwango kinachokubalika ni kuanzia 10. Pia kuna kipimo kingine kinachoonyesha kama tayari una kirusi chenyewe. Usikiogope kipimo hicho. Watu wengi Afrika wanaishi na homa ya ini B bila kujua, na wengi waliipata utotoni, si kwa kosa lolote. Kujua mapema ndiko kunakufanya ufuatiliwe na upate tiba ikihitajika. Aliyenunua mhuri hawezi kujua kamwe.

Na surua, au ukambi kama tunavyoita wengi? Hapa kuna jambo la kuangalia. Dozi ya pili ya surua, ile ya mtoto wa miezi 18, iliingia kwenye ratiba ya kawaida ya Kenya mwaka 2013. Uliyezaliwa 2006 au 2007 ulikuwa umeshapita umri huo. Halafu Mei 2016 kukawa na kampeni kubwa ya surua na rubela kwa watoto wa miezi 9 hadi miaka 14. Huenda ulidungwa shuleni, ukarudi nyumbani mbio na wino kwenye kidole, na kijitabu hakikuandikwa chochote. Wino umefutika, karatasi haina habari. Kama chuo chako kinataka ushahidi wa dozi mbili, usibishane nao kwa kumbukumbu. Omba kipimo cha damu au udungwe tena.

Mtaniuliza: na kijitabu kikiwa kimepotea kabisa? Kimeliwa na mchwa, nyumba ilihama, mama ameshatangulia mbele ya haki? Nenda kwenye zahanati au hospitali uliyopelekwa ukiwa mtoto, uulize kama rejista za zamani zipo. Beba cheti cha kuzaliwa. Rejista isipopatikana, mambo hayajaisha. Chanjo nyingi hazina madhara kurudiwa kwa mtu ambaye huenda alishapata. Daktari atakupangia ratiba mpya, na kumbukumbu yako itaanza leo, safi, kwa jina lako lililoandikwa sawasawa. Hilo la jina lishike: jina kwenye kadi ya chanjo lilingane na lile la kitambulisho au pasipoti. Sisi Waislamu tunateseka sana hapa. Kitambulisho kinasema Mohamed, kadi inasema Muhammad, cheti kinasema Mahmoud, halafu tunashangaa mtu wa dirishani akikunja uso. Kabla hujaondoka kliniki, soma kadi herufi kwa herufi, hapo hapo.

Sasa nije kwa kalenda, maana hapa ndipo watu wanapoanguka.

Chanjo ya homa ya ini B kwa mtu mzima kwa kawaida ni dozi tatu. Ya kwanza leo. Ya pili baada ya mwezi mmoja. Ya tatu miezi sita tangu ile ya kwanza. Hizi dozi hazibembelezeki. Ukienda na milioni moja mkononi, huwezi kudungwa zote tatu wiki moja ukapata kinga ile ile. Mwili unafundishwa polepole, kama mtoto wa madrasa: leo alifu, kesho be, na marejeo baadaye.

Hesabu nami. Matokeo ya KCSE hutoka karibu na mwanzo wa Januari. Vyuo vikuu kwa kawaida hupokea wanafunzi wapya Agosti au Septemba. Ukidungwa ya kwanza Januari, ya pili Februari, ya tatu Julai, unaripoti chuoni dozi zako zimekamilika na mhuri wako ni wa kweli. Mwenyezi Mungu amekupa miezi ile ile unayoihitaji, na ndiyo miezi ile ile tunayoipoteza tukikaa kwenye stendi kusubiri KUCCPS ifungue. Huhitaji kusubiri barua. Ukijua kwamba moyo wako uko kwenye uuguzi au maabara, anza kabla barua haijaja. Hata ukiitwa kozi nyingine, kinga ya ini haikutupi.

Na kama umeshachelewa? Anasoma haya mtu anayeripoti wiki ijayo. Kwako nasema: pata dozi ya kwanza kesho, andikiwa tarehe za zile nyingine, kisha uende chuoni na kadi yenye dozi moja na maelezo ya kweli. Waulize kliniki ya chuo kama utamalizia kwao. Daktari anaweza pia kukueleza ratiba ya haraka, ile ya mwezi 0, 1 na 2, ambayo huongezewa dozi ya nne baada ya mwaka. Ofisa anayekuona una dozi moja ya kweli na mpango wa kumaliza ana kitu cha kusaidia. Akigundua una tatu za uongo, mlango umefungwa na jina limeandikwa.

Haya, wanaosafiri.

Homa ya manjano. India inadai cheti cha chanjo hii kutoka kwa wasafiri wanaotoka Kenya, na asiyekuwa nacho anaweza kutengwa hadi siku 6. Uganda nayo ni kati ya nchi zinazodai. Ni sindano moja tu. Cheti chake kinaanza kufanya kazi siku 10 baada ya kudungwa, na tangu Julai 2016 kinatambuliwa kwa maisha yako yote. Kwa hivyo kama una kadi ya zamani iliyoandikwa miaka kumi, usidanganywe kwamba imekufa. Chanjo hii hutolewa kwenye vituo maalumu vilivyoidhinishwa, vyenye mhuri wao rasmi. Usiende tu kliniki yoyote. Uliza kwanza, na ukiwa Mtito, panga safari ya Nairobi au Mombasa mapema. Kama mayai yanakudhuru, au una ujauzito, au mwili wako una upungufu wa kinga, mwambie daktari kabla ya sindano, kwa sababu chanjo hii ina virusi hai vilivyodhoofishwa.

Hapa mhuri wa kununua unakuumbua mapema. Umekata tiketi ya Ijumaa, mtu amekuuzia kadi yenye tarehe ya Jumatano. Hujafika hata kwenye zile siku 10. Unasimamishwa uwanja wa ndege, ndege inaondoka, na ile pesa ya harambee ya msikiti inaondoka nayo.

Homa ya uti wa mgongo. Anayeenda Madina atakutana nayo, na anayekwenda Umra vilevile. Baada ya milipuko iliyowapata mahujaji mwaka 1987 na tena 2000, Saudi Arabia ilikaza masharti. Mtu adungwe angalau siku 10 kabla ya kufika. Cheti hudumu miaka 3 au 5 kutegemea aina ya chanjo, kwa hivyo hakikisha aina imeandikwa kwenye kadi. Na ugonjwa huu unawahusu wanafunzi hasa: unapenda watu wanaolala chumba kimoja, wanaokula sahani moja, wanaokoholeana. Hiyo ni hosteli.

Marekani. Vyuo vingi vya huko vinataka dozi mbili za chanjo ya surua, rubela na matubwitubwi, zikiachana angalau siku 28. Sikiliza vizuri: ratiba ya serikali ya Kenya ina surua na rubela, haina matubwitubwi. Kwa hiyo kijitabu chako hata kikiwa kamili namna gani, kitapungukiwa na kitu kimoja huko. Mwenye siku za kutosha adungwe hapa nyumbani kwenye hospitali iliyo na chanjo hiyo, mwingine atamalizia chuoni. Na kama unahitaji pia homa ya manjano, mwambie daktari, kwa sababu hizi mbili zote ni chanjo hai: ama upate siku moja, ama uziachanishe wiki nne.

Halafu kuna kipimo cha kifua kikuu. Lile kovu la mkononi ni chanjo ya BCG ya siku ulizozaliwa. Kipimo cha ngozi kinaweza kuvimba kwa sababu ya chanjo hiyo, ukaonekana una maambukizi ilhali huna. Omba kipimo cha damu. Hicho hakichanganywi na BCG. Mwanafunzi asiyelijua hili anaweza kumeza dawa miezi kadhaa bila sababu.

Sasa tufike kwenye swali ambalo najua liko kooni kwa wengi. Je, ni halali?

Mimi si sheikh, na masheikh wetu mnao. Nitawapa tu habari za kwenda nazo kwao. Chanjo ya homa ya ini B hutengenezwa kwa kutumia hamira, na hakuna nguruwe humo. Kwa upande wa surua na matubwitubwi, baadhi ya aina zina gelatini ya nguruwe na baadhi hazina. Ile inayoitwa Priorix haina. Una haki ya kuulizia aina kwa upole na kuomba hiyo kama ipo. Kama haipo, wanachuoni hawajatuacha gizani. Mwaka 1995 walikutana Kuwait, na msimamo uliotoka ni kwamba kitu kikibadilika asili yake kabisa, hukumu yake nayo hubadilika. Indonesia mwaka 2018, baraza la maulamaa la nchi hiyo lilichukua njia nyingine: lilisema chanjo ya surua na rubela iliyokuwapo ilitumia kitu cha haramu, lakini ikaruhusiwa kwa dharura, kwa kuwa hapakuwa na nyingine na madhara ya kutochanja yalikuwa wazi. Njia mbili tofauti, na zote mbili zikafika mahali pamoja: mtoto achanjwe.

Na Ramadhani? Wanachuoni wengi wamesema sindano ya chanjo haifunguzi, kwa sababu si chakula wala si badala ya chakula. Kwa hivyo dozi yako ya pili ikiangukia kwenye mwezi wa mfungo, usiivunje ratiba kwa dhana tu. Muulize imamu wako, uende.

Na msiseme kujikinga ni udhaifu wa imani. Sayyidna Umar alikuwa njiani kwenda Sham, akapata habari ya tauni, akarudi na watu wake. Aliulizwa kama anaikimbia kadari ya Mwenyezi Mungu, na jibu lake tunalifahamu sote tangu madrasa: alikuwa akitoka kwenye kadari kwenda kwenye kadari. Mtu mkubwa kama yule aligeuza msafara mzima. Wewe unaombwa ukunje mkono wa shati.

Kujikinga kumeagizwa, kushuhudia uongo kumekatazwa. Ukiandika kwamba ulidungwa tarehe fulani na hukudungwa, umeshuhudia uongo kwa maandishi, na umemwingiza mwingine katika uongo huo. Halafu unaenda nayo kwenye kozi ambayo kesho utaandika rekodi za wagonjwa. Mgonjwa atakuamini vipi?

Nataka mkumbuke mtu mmoja, ndugu yetu wa pwani ya Somalia. Ali Maow Maalin alikuwa mpishi wa hospitali mjini Merca. Watu wa hospitali walitakiwa wawe wamechanjwa ndui. Yeye alikwepa kwa sababu aliogopa maumivu ya sindano. Oktoba 1977 lilikuja gari lenye wagonjwa wa ndui, likatafuta mtu wa kuwaonyesha njia, akapanda. Safari ya dakika chache tu. Akaugua. Akawa mtu wa mwisho duniani kupata ndui kwa njia ya kawaida. Alipona, alhamdulillah. Lakini ilibidi watafutwe watu 161 waliokuwa wamekutana naye, na watu zaidi ya 50,000 wachanjwe haraka ili moto usienee. Kwa mkono mmoja uliokwepa sindano.

Maalin hakujificha. Miaka mingi baadaye alijitolea kwenye kampeni za polio kwao, akiwaeleza wazazi yaliyompata ili wasiogope. Mwaka 2013 polio iliporudi Somalia na kuvuka hadi Dadaab hapa kwetu, alikuwa kazini katika kampeni hiyo. Malaria ikamchukua Julai mwaka huo. Mwenyezi Mungu amrehemu. Hiyo ndiyo tofauti: sindano aliyoikwepa ingemaliza dakika moja, kuirekebisha kulichukua maisha yake.

Neno moja kuhusu haki, maana kutii sharti hakumaanishi kuinamisha kichwa kwa kila kitu.

Sheria ya Afya ya 2017 inakupa haki ya kuelezwa, kwa lugha unayoielewa, unachopewa, faida zake na hatari zake, kisha ukubali mwenyewe. Uliza jina la chanjo, dozi ngapi, madhara gani ya kawaida. Dada, una ruhusa kabisa kuomba uhudumiwe na muuguzi wa kike, na kuomba pazia lifungwe. Bega linaweza kufunuliwa bila kuvua kila kitu. Lisemwe mapema na kwa adabu, kwa kawaida linawezekana. Habari za afya yako ni siri nyeti chini ya Sheria ya Ulinzi wa Data ya 2019, kwa hivyo fomu yako isipitishwe mikono kumi, na wewe mwenyewe usiitume kwenye gurupu la WhatsApp ili "mtu akuangalizie". Na Kipengele cha 32 cha Katiba kinasema mtu asinyimwe nafasi kwenye taasisi kwa ajili ya dini yake. Ukiona hijabu au jina lako ndilo linalocheleweshea fomu, andika tarehe, andika jina la ofisi, tafuta msaada. Lakini usiifanye dini kuwa kisingizio cha kuogopa sindano. Tutaihitaji haki hiyo siku ya jambo kubwa.

Na sharti likiwa halina haki, kuna njia. Mnakumbuka Novemba 2021, aliyekuwa Waziri wa Afya Mutahi Kagwe alitangaza kwamba kuanzia Desemba 21 asiyechanjwa Covid hatahudumiwa kwenye afisi za serikali. Wakenya wakaenda Mahakama Kuu, na mwezi huo huo wa Desemba mahakama ikasimamisha agizo hilo. Sharti lilipingwa mchana, kwa kesi, kwa majina ya watu. Wale walionunua kadi za uongo hawakumsaidia yeyote. Walilinda ngozi yao, kisha wakatufanya sote tushukiwe kwenye kila dirisha.

Basi kazi ya wiki hii ni hii.

Leo jioni, uliza nyumbani kijitabu chako kiko wapi. Kipige picha kila ukurasa.

Kesho, andika kwenye karatasi vyuo na kozi unazozitaka, na mbele ya kila moja uandike linalodaiwa. Usichukue habari kwa jirani wala kwa sauti iliyosambazwa. Soma barua ya chuo, piga simu ya chuo.

Kabla ya Ijumaa, fika kituo cha afya na kijitabu mkononi. Uliza: nimekosa nini, naweza kuanza lini, dozi inayofuata ni tarehe ngapi? Tarehe hiyo uiweke kwenye simu na umwambie mtu mmoja nyumbani akukumbushe.

Na wewe uliyetangulia, uliye mwaka wa pili au wa tatu, tafuta mdogo wako mmoja wa mtaani umshike mkono katika hili. Bibi na mama wengi hawajui fomu ile inauliza nini, lakini kijitabu wanajua walikiweka wapi. Wakae nawe, mkitafute pamoja. Na mkikipata, mshukuru mama. Alisimama foleni hiyo kabla yako.

Mwenyezi Mungu awafungulie milango ya elimu yenye manufaa, awape afya njema, na awajaalie kuingia chuoni na karatasi za kweli.

Wassalamu alaykum warahmatullahi wabarakatuh.